Ziwa Lililowahi Kukauka

"Huyu ni wa Kisumu ama wa China?"

Ukisimama mbele ya mama samaki yeyote hapa Nairobi, iwe Gikomba, Kawangware ama pale stejini Umoja, hilo ndilo swali utakalosikia hata kabla ya bei kuulizwa. Mama ataapa kwamba samaki wake walitoka ziwani jana usiku. Mteja atamwinamia yule tilapia, amtazame jichoni, ambonyeze ubavuni kama daktari, kisha atoe pesa. Ukweli ni kwamba wengi wetu hatujui tunatafuta nini kwenye hilo jicho.

Mwaka jana dani yangu alikuja mjini kutoka Seme kwa ajili ya kliniki ya macho. Jioni ya kwanza nikamnunulia tilapia wa kukaanga, mkubwa wa kufunika sahani, nikampa na ugali na sukuma. Nikamtania: "Dani, wewe ndiye mtaalamu. Huyu ni wa Kisumu ama wa China?"

Akamgeuza kwa vidole. "Huyu ni wa ziwani," akasema. "Lakini si wetu."

Nikacheka, nikidhani hajanielewa. Yeye akaendelea kuchambua miiba. "Huyu aliletwa. Mbuta pia aliletwa. Wetu walikuwa ngege, na mbiru, na fulu. Fulu, nyathina, wewe humjui hata kwa picha."

Ni kweli, sikumjua. Nimezaliwa Nairobi. Ziwa nalijua la Desemba: siku nne, picha kadhaa pale Dunga, samaki wa kuchemsha, basi la usiku kurudi mjini. Usiku huo nikaanza kumtafuta fulu kwenye simu. Kumbe huwezi kumtafuta samaki huyo bila kulitafuta ziwa lote, tangu siku lilipokuwa nyasi.

Lilipokuwa nyasi

Shuleni tuliambiwa kwamba Ziwa Viktoria ndilo kubwa zaidi Afrika, na la pili duniani kwa eneo kati ya maziwa ya maji baridi, baada ya Superior kule Amerika Kaskazini. Lina takriban kilomita 68,800 za mraba. Tanzania ina karibu nusu yake, Uganda inafuata kwa ukaribu, na sisi Wakenya, pamoja na kelele zetu zote, tuna kama asilimia 6 tu.

Kile ambacho sikuambiwa ni kwamba ziwa hili halina kina. Wastani wake ni mita 40 hivi, na pale penye kina zaidi ni kama mita 80. Ziwa Tanganyika, jirani yake, linapita mita 1,400. Tanganyika ni chupa, Viktoria ni sahani. Na maji ya sahani hukauka upesi.

Zamani sana, mito ya eneo hili ilielekea magharibi, upande wa Kongo. Kisha, kama miaka 400,000 iliyopita, ardhi ya magharibi ikaanza kuinuka pamoja na lile Bonde la Ufa la upande wa Uganda na Rwanda. Mito kama Kagera na Katonga ikajikuta inapanda mlima. Maji hayapandi mlima, kwa hivyo yakarudi nyuma, yakajaa kwenye bakuli lililobaki katikati ya mabonde mawili ya ufa. Baadaye yakapata mlango kaskazini, pale Jinja, na mlango huo ndio tunaouita mwanzo wa Naili Nyeupe.

Lakini ziwa hili halikukaa tu pale likitungoja. Katika miaka ya 1990 wanasayansi walitoboa tope la chini kabisa, wakatoa vipande virefu vya udongo na kuvisoma kama mtu anavyosoma kitabu kutoka ukurasa wa mwisho. Chini ya tope laini la ziwa wakakuta udongo mgumu uliowahi kupasuka kwa jua, wenye alama za mizizi. Yaani kabla ya miaka kama 15,000 iliyopita, wakati wa ukame mkubwa wa mwisho wa enzi ya barafu, pale ambapo leo meli inapita palikuwa na ardhi kavu. Ungeweza kutoka Kisumu ukatembea hadi Entebbe bila kulowesha viatu. Mvua ziliporudi, ziwa likajaa upya.

Sababu ya kukauka namna hiyo bado ipo. Takriban asilimia 80 ya maji yanayoingia humu ni mvua inayonyesha juu ya ziwa lenyewe. Mito yote tunayoijua, Nzoia, Yala, Nyando, Sondu Miriu, Kuja, Mara na hata Kagera, inaleta sehemu ndogo tu. Na maji mengi hayatoki kwa kupitia Naili. Yanapaa angani kwa jua. Ziwa hili linaishi kwa kutegemea mawingu, kama tu shamba la dani.

Sasa, hapa ndipo fulu anapoingia. Ziwa lilipojaa upya, samaki wachache wadogo waliingia kutoka mitoni na kwenye vidimbwi vilivyobaki. Utafiti wa vinasaba uliotolewa mwaka 2017 ulionyesha kwamba asili yao ni mchanganyiko wa koo mbili zilizokutana na kuzaana, moja ya upande wa Kongo na nyingine ya upande wa Naili. Kutoka kwa machotara hao wakatokea zaidi ya aina 500 za samaki katika muda wa miaka kama 15,000. Kwa saa ya mageuzi ya viumbe, hiyo ni kama kufumba na kufumbua. Kulikuwa na fulu wa kula mwani, wa kuvunja konokono kwa meno ya kooni, wa kula wadudu, wa kula mayai na watoto wa fulu wenzake. Mama huwabeba watoto mdomoni hadi waweze kuogelea wenyewe. Madume huwa na rangi, bluu, nyekundu, manjano, na jike huchagua mume kwa rangi hizo. Kwa hivyo maji yakichafuka, jike haoni vizuri, anachagua vibaya, na aina mbili zilizokuwa zimetengana zinarudi kuwa moja. Hata giza tu linaweza kuua aina ya samaki bila mtu kutupa ndoano.

Wote hawa kwa dani walikuwa fulu. Kule Mwanza wanaitwa furu. Samaki wa kidole kimoja ama viwili, wa kukaushwa juani na kupikwa mtoto akirudi kutoka malishoni.

Nani aliligundua?

Agosti 3, 1858, Mwingereza John Hanning Speke alisimama juu ya kilima karibu na Mwanza, akaona maji, akaamua kwamba hapo ndipo Naili inapoanza, na akalipa ziwa jina la malkia wake. Hiyo ndiyo hadithi ya vitabu. Inaruka watu wengi.

Kwanza, Speke alielekezwa. Yeye na mwenzake Richard Burton walikuwa wamepumzika Kazeh, yaani Tabora ya leo, kituo kikubwa cha misafara ya pwani. Mwenyeji wao, mfanyabiashara Mwarabu aitwaye Snay bin Amir, ndiye aliyewaambia kwamba kaskazini kuna ziwa kubwa kuliko lile la Ujiji. Wafanyabiashara wa pwani walikuwa wakiliita Ukerewe, kwa jina la kisiwa. Burton alikuwa mgonjwa, kwa hivyo Speke akaenda na wapagazi pamoja na Sidi Mubarak Bombay, Myao aliyekamatwa utotoni akauzwa India, akapata uhuru na kurudi Afrika. Bombay ndiye aliyekuwa mdomo na masikio ya safari. Speke aliligundua ziwa kama vile wewe unavyoigundua nyumba ya rafiki yako baada ya mtu wa boda kukushusha mlangoni.

Pili, ziwa lilikuwa na majina tayari. Waluo waliliita, na bado wanaliita, Nam Lolwe. Waganda wanaliita Nalubaale, kwa balubaale, miungu yao. Mkubwa wa ziwa ni Mukasa, ambaye hekalu lake lilikuwa kisiwani Bubembe katika visiwa vya Sese. Neno Nyanza, ambalo sisi tulilifanya jina la mkoa, maana yake ni ziwa tu.

Na tatu, watu walikuwa wamekaa hapa maelfu ya miaka. Kuna mirundo ya maganda ya kome na mifupa ya samaki kando ya Ghuba ya Winam, iliyoachwa na wavuvi na wawindaji ambao wanaakiolojia wanawaita Wakansyore, kwa jina la kisiwa kimoja cha mto Kagera. Walikuwa wakitengeneza vyungu kabla hakuna ng'ombe wala shamba upande huu. Kama miaka 2,500 iliyopita wakaja wakulima na wahunzi wa chuma. Vyungu vyao vyenye kishimo kwenye kitako vinaitwa Urewe, jina la mahali Siaya. Waluo walifika Got Ramogi kama miaka 500 iliyopita. Abasuba wa Rusinga na Mfangano wana simulizi za babu zao waliovuka kwa mitumbwi kutoka upande wa Uganda.

Niliposoma hayo nikamkumbuka dani na lile neno lake, "si wetu." Kila anayejiita mwenyeji wa ziwa hili aliwahi kuwa mgeni. Hata fulu mwenyewe ni chotara wa mito miwili. Kwa hivyo kosa la mbuta haliwezi kuwa ugeni peke yake. Lazima kuna jambo lingine.

Kama unataka kujua maisha ya ziwa kabla ya meli, soma Aniceti Kitereza wa Ukerewe. Riwaya yake ya Bwana Myombekere na Bibi Bugonoka aliimaliza kwa Kikerewe mwaka 1945, na ikangoja hadi 1980 kuchapishwa kwa Kiswahili. Miaka 35. Ziwa lenye watu wengi namna hii, na sauti za watu wake zilikaa sandukuni muda wote huo.

Meli, mbung'o na nyavu

Baada ya jina yakaja mabati na chuma. Meli ya William Mackinnon ililetwa Mombasa ikiwa vipande, mizigo mingi ikabebwa kwa vichwa vya watu, ikaunganishwa Kisumu na kushushwa majini mwaka 1900. Desemba 1901 reli ikafika ziwani. Kituo kikaitwa Port Florence, kwa jina la mke wa mhandisi aliyesimamia kulaza reli. Wenyeji waliendelea na jina lao, Kisumu, ambalo huelezwa kuwa latokana na neno la Kiluo la kwenda kutafuta chakula kwa kubadilishana. Na jambo ambalo wengi hatujui: wakati reli inafika, Kisumu ilikuwa Uganda. Mwaka 1902 Waingereza walihamisha mpaka, na watu wakalala Uganda wakaamka katika nchi ambayo baadaye ingeitwa Kenya.

Miaka hiyohiyo ugonjwa wa malale ulikuwa ukifagia ufuo wa Busoga na Buganda. Ulioneshwa rasmi mwaka 1901, na ndani ya miaka michache uliua zaidi ya watu 200,000. Serikali ya kikoloni ikawahamisha kwa lazima waliobaki visiwani na ufuoni, mbali na mbung'o. Visiwa vya Sese, nyumbani kwa Mukasa, vikabaki na misitu. Ukiona ufuo mtupu kwenye picha ya zamani, usidhani daima ulikuwa mtupu.

Kisha nyavu. Kabla ya hapo watu walivua kwa vikapu, mitego ya midomo ya mito na kokoro za mafunjo. Mwaka 1905 zikaletwa nyavu za kisasa za kutega, na zilinasa ngege kama mchezo. Reli ilikuwepo ya kuwabeba hadi Nairobi. Baada ya miaka 20 ngege walianza kupungua, na mwaka 1927 serikali ikamtuma Michael Graham kufanya uchunguzi. Ripoti yake ya 1929 ilishauri tundu la wavu lisiwe chini ya inchi 5, ili ngege wadogo wapite wakue. Na ilisema jambo jingine: kumleta samaki mkubwa mla samaki kutoka mahali pengine ni hatari kubwa, labda utafiti wa kina ufanywe kwanza.

Onyo hilo lilisomwa, likawekwa rafu.

Mwaka wa 1954

Aprili 1954 Malkia Elizabeth alifika Jinja kufungua bwawa la Owen Falls. Maporomoko ya Ripon, yale aliyoyaona Speke mwaka 1862, yakazama. Tangu siku hiyo mlango wa ziwa ukawa na komeo, na komeo lina mwenyewe. Tayari mkataba wa mwaka 1929, uliotiwa saini na Uingereza kwa niaba ya makoloni yake, ulikuwa umeipa Misri sauti juu ya ujenzi wowote utakaogusa maji ya Naili. Watu wa Seme hawakuulizwa mwaka huo, wala Nyerere hakuukubali mkataba huo Tanganyika ilipopata uhuru.

Mwaka huohuo wa 1954, bila sherehe, mbuta akatiwa ziwani upande wa Uganda. Alitoka Ziwa Albert. Wazo la maafisa wa uvuvi lilikuwa rahisi: ziwa limejaa fulu wadogo wasio na bei, basi tulete samaki mkubwa awale, na sisi tumle yeye. Wanasayansi wa kituo cha utafiti cha Jinja walipinga. Mjadala ulipokuwa ukiendelea kwenye karatasi, mbuta alikuwa tayari majini. Mwaka 1960 akaonekana kwenye nyavu. Basi, kwa kuwa ameshaonekana, mwaka 1962 na 1963 akaongezwa rasmi, Entebbe na Kisumu. Tilapia wa Naili, yule niliyemnunulia dani, naye aliletwa miaka hiyo ya 1950, kuziba pengo la ngege waliovuliwa kupita kiasi.

Mbuta anaweza kufika urefu wa mita 2 na uzito wa kilo 200. Kwa miaka 20 alikaa kimya. Mwishoni mwa miaka ya 1970 fulu bado walikuwa kama asilimia 80 ya uzito wa samaki wote ziwani. Miaka ya 1980 ilipoanza, mbuta akalipuka, kwanza upande wetu wa Winam, kisha Uganda, kisha Mwanza. Katika muda wa kama miaka 10 takriban aina 200 za fulu zilitoweka. Nyingi hazikuwa hata zimepewa jina na sayansi. Wataalamu wanalitaja tukio hili kama moja ya vifo vikubwa zaidi vya viumbe wenye uti wa mgongo katika nyakati zetu. Hakuna aliyewatangaza redioni.

Hapa nilimpigia dani simu, nikiwa na hasira ya mtu aliyesoma usiku kucha. Nikamwambia mbuta ni janga. Akanisikiliza hadi mwisho.

"Mbuta alimsomesha baba yako," akasema.

Nikanyamaza.

Ni kweli. Miaka ya 1980 dani alikuwa akinunua mbuta ufuoni, akimkaanga kwa mafuta yake mwenyewe, akimpeleka sokoni. Mbuta ana mafuta mengi, hakauki juani kama ngege na fulu. Anataka moto, na moto unataka kuni. Miti ya vilima vile ilikwisha hivyo. Lakini karo ililipwa. Uvuvi wa ziwa lote ulipanda kutoka kama tani 100,000 kwa mwaka hadi kama 500,000 kufikia 1990. Viwanda vya minofu vikafunguliwa Kisumu, Mwanza na Jinja, na nyama nyeupe ikapaa kwenda Ulaya.

Kisha bei ikabadilisha watu. Kiwanda kilipoanza kununua ufuoni, kina mama kama dani hawakuweza kushindana. Minofu ikaenda ng'ambo, na mifupa yenye kichwa na mkia ikabaki. Kisumu ikaipa jina: mgongo wazi. Ukipita Obunga utawaona akina mama wakiikaanga kwenye mafuta meusi, na watu wa mtaa wananunua, kwa sababu kichwa bado kina kitu. Mwili wa samaki yuleyule anayevuliwa mbele yao hawaumudu. Na pale samaki walipopungua, ikaja jaboya: mwanamke hapati samaki kwa mvuvi hadi alale naye. Ukimwi ulipita ufuo huo kama moto wa nyasi. Ukiuliza historia ya ziwa hili imeandikwa wapi, sehemu yake iko makaburini kwenye maboma ya ufuoni.

Maua, na maji yaliyorudi

Mwishoni mwa miaka ya 1980 likaja ua la zambarau, zuri sana kwenye picha. Gugumaji, asili yake Amazon, liliteremka na Kagera na kuenea. Kufikia 1998 lilikuwa limefunika karibu hekta 20,000 kote ziwani. Mitumbwi ilikwama, meli hazikuweza kutia nanga Kisumu. Wakaletwa fukusi wa kulitafuna, mvua za El Niño zikalipasua na kulisukuma, na kufikia 2000 likapungua sana. Lakini Winam halijaondoka. Gugumaji linakula kile tunachomwaga: mbolea iliyosombwa na mvua kutoka mashamba ya juu, na maji machafu ya miji yetu. Kila mara tunapopiga picha maji ya kijani pale Dunga, tunapiga picha choo chetu.

Ziwa lenyewe nalo lina hasira zake. Kati ya 1961 na 1964 lilipanda zaidi ya mita 2. Mwaka 2006 likashuka chini kuliko ilivyokuwa kwa zaidi ya miaka 80, kwa sababu ya ukame na kwa sababu mabwawa ya Jinja yalifungulia maji mengi kupita kiasi. Mei 2020 likapanda tena na kuvunja rekodi ya 1964. Nyumba zikaingia maji Budalangi, Nyando na Dunga. Wazee walisema ziwa limerudi kuchukua shamba lake. Wale waliojenga walikuwa wameuziwa hilo shamba kwa hati.

Leo upande wetu umejaa vizimba vya kufugia tilapia. Novemba 2022 samaki wengi wa vizimba walikufa upande wa Kisumu, maji yakiwa hayana hewa ya kutosha. Mbuta amepungua, na kibofu chake cha hewa kinachouzwa China kina bei kuliko nyama. Omena ndiye anayelisha watu sasa, na wengi wa omena hao tunawasaga kuwa chakula cha kuku. Migingo, mwamba usiofika ekari moja, bado unaifanya Kenya na Uganda zitazamane vibaya, kwa sababu karibu yake ndiko mbuta aliyebaki.

Kanyaboli

Agosti nilienda nyumbani, na kwa mara ya kwanza si kwa picha. Nikapitia Siaya hadi Kanyaboli, ziwa dogo lililojificha nyuma ya mafunjo ya kinamasi cha Yala. Mbuta hakufika huko. Mafunjo yalimzuia, maji yake hayana hewa ya kumtosha samaki mkubwa. Ngege wa asili, wale waliokwisha katika ziwa kubwa, bado wako Kanyaboli, na fulu pia. Kinamasi hicho kwa miaka mingi kimekuwa kikigombaniwa, huyu akitaka kukikausha alime, yule akitaka kibaki. Niliposimama pale nikaelewa uzito wa ugomvi huo. Siyo mafunjo tu yanayogombaniwa. Ule ni mlango.

Mvuvi mmoja mzee aliniuzia ngege watano, na akanitilia fulu kiganja kimoja bure, akishangaa kijana wa Nairobi anawataka wa nini. "Hawa ni wa watoto," akasema. Fulu mmoja alikuwa na tumbo la manjano na mstari mweusi jichoni. Alikaa kiganjani mwangu kama funguo.

Dani hakuwaona vizuri, macho yake bado. Akawapapasa mmoja mmoja, kichwa, mdomo, pezi la mgongo. Akaniambia huyu wa mdomo mpana alikuwa anapatikana kwenye mawe. Huyu mwembamba alikuwa anakuja na mvua. Kulikuwa na mwingine mweusi ti, wa maji ya ndani, ambaye mama yake hakuruhusu watoto wamle, na sababu ameisahau. Akataja wengine. Mimi nikatoa simu nikawa naandika. Nilifika 11.

"Wengine?" nikauliza.

Alikuwa ameshaanza kuwapaka chumvi. "Ngoja wachemke," akasema. "Nikila nitakumbuka."